Zitrone, de Caunes au Desgraupes: mtangazaji anayeanza ajifunze kwa nani?

Anayeingia kwenye taarifa ya habari ya televisheni leo anakuta kila kitu kimeshapangwa: meza, taa, maandishi yanayopita mbele ya kamera, mhariri anayemnong'oneza sikioni. Ndiyo maana napenda kuwapeleka vijana Ufaransa ya kati ya mwaka 1949 na mwaka 1975. Watangazaji wa kule waliianza kazi hii bila mwongozo wowote. Hapakuwa na wa kuwaambia msomaji habari atazame wapi, aende kwa kasi gani, acheke au akaze uso. Walijaribu mbele ya watazamaji, kila mmoja akaishia na namna yake, na ukiwaweka ubavu kwa ubavu unaona njia zinazopatikana katika kazi hii hadi leo.

Nimewachukua watatu: Léon Zitrone, Georges de Caunes na Pierre Desgraupes. Wapo wengine watakaopita njiani, lakini hawa watatu wanatosha kumsaidia mtu kuamua. Swali ni hili: kama una nafasi ya kumchunguza mmoja tu kwa kina, kutazama kazi yake na kuiga mazoea yake, awe nani? Jibu langu nalitoa mapema. Kwa wengi wenu namtaka Desgraupes. Lakini wapo ambao nitawaambia bila kusita waende kwa Zitrone, na sababu zenyewe ndizo zenye faida kuliko jina.

Shule waliyotokea

Taarifa ya habari ya kwanza ya televisheni ya Ufaransa ilirushwa tarehe 29 Juni 1949, saa tatu usiku. Mwanzilishi wake alikuwa Pierre Sabbagh, mtu wa redio aliyekuwa hajatimiza miaka 31. Makao yalikuwa mtaa wa Cognacq-Jay jijini Paris, si mbali na Mnara wa Eiffel uliobeba mtambo wa kurushia, ndani ya jengo ambalo Wajerumani walilifanya studio za televisheni yao mwaka 1943 walipokuwa wameikalia Paris. Televisheni zilizokuwapo nchini zilihesabika kwa maelfu machache tu. Waandishi wenye majina hawakuona sababu ya kwenda huko: heshima ilikuwa redioni na magazetini, na anayetaka habari za picha alizipata sinema kila wiki.

Kwa hiyo Sabbagh aliwachukua vijana. Georges de Caunes alikuwamo. Pierre Tchernia alikuwa na miaka 21. Pierre Dumayet, Jacques Sallebert na Claude Darget nao wakajiunga na kundi hilo la mwanzo. Kufikia tarehe 2 Oktoba mwaka uleule taarifa ikawa ya kila siku.

Sasa tazama walivyofanya kazi, maana hapa ndipo penye somo kubwa. Filamu zao hazikuwa na sauti. Mtangazaji hakuonekana kabisa: alikaa pembeni na kipaza sauti, akitazama picha zikipita, na alisema maneno yake papo hapo, hewani. Filamu haimsubiri mtu. Ukichelewa kidogo, unaeleza daraja lililozinduliwa wakati mtazamaji ameshafika kwenye gwaride la farasi. Ukiwahi, umemwambia kitu ambacho hajakiona na umeharibu picha inayokuja. Ukisema anachokiona mwenyewe, "waziri anashuka kwenye gari", umempotezea muda.

Mtu wa redio alikuwa amezoea kuujaza ukimya, kwa sababu redioni ukimya ni hitilafu. Pale Cognacq-Jay alitakiwa kufanya kinyume: kuiacha picha iseme, kisha aongeze lile ambalo picha haiwezi kulisema, yaani jina, sababu, lililotangulia. Mpaka leo ukimsikiliza ripota anayesoma maneno juu ya picha zake, ndani ya nusu dakika unajua kama aliwahi kufundishwa hili. Wengi hawakufundishwa.

Mwaka 1954 mtangazaji akaanza kuonekana kwenye kioo, ameketi mezani. Uamuzi huo mmoja uliwagawa. Wapo ambao sura ziliwapa nguvu, wapo waliobaki kuwa sauti. Darget, kwa mfano, alikuwa na ulimi wa kuchokoza na hakuona haya kutia maoni yake katikati ya habari. Sauti yake ndiyo iliyodumu zaidi, kwenye mieleka na kwenye vipindi vya wanyama. Tchernia aliiacha taarifa ya habari katikati ya miaka ya 1950 akaenda kwenye burudani na mambo ya sinema, akapendwa huko kwa miaka mingi. Sallebert akawa mwandishi wa nje, London kisha New York. Huwezi kusema waliondoka kwa kushindwa. Waligundua mapema kwamba kusoma habari kila siku si kazi ya kila mwenye sauti nzuri.

Léon Zitrone: mwili mzima ndani ya kazi

Zitrone alizaliwa Petrograd mwaka 1914, akafika Ufaransa akiwa mtoto, familia yake ikiyakimbia mapinduzi ya Urusi. Aliingia redio ya taifa mwaka 1948 kupitia idhaa za nje, kwenye matangazo ya Kirusi, na lugha ndiyo iliyomfungulia mlango: Kifaransa, Kirusi, Kiingereza na Kijerumani. Wenzetu wanaotangaza kwa Kiswahili kwenye idhaa za kimataifa watalitambua jambo hili mara moja. Lugha uliyoletwa nayo na maisha inaweza kuwa tiketi yako.

Alipohamia televisheni akawa mkubwa kwa kila maana. Mwili mkubwa, sauti nzito, sentensi ndefu zilizonyooka ambazo hazikuanguka njiani. Miaka ya 1960 uso wake ndio watu waliokaa nao mezani saa mbili usiku. Lakini hakuishia kwenye habari. Alitangaza mbio za farasi, mbio za baiskeli za Tour de France, mchezo wa kuteleza kwenye barafu, harusi za wafalme na maziko ya wakubwa. Mwaka 1962 yeye na Guy Lux walianza kuendesha kipindi cha mashindano ya miji, Intervilles, kilichowakusanya Wafaransa kama mechi ya fainali. Mwaka 1978, mashindano ya nyimbo ya Eurovision yalipofanyika Paris, yeye na Denise Fabre ndio waliokuwa jukwaani.

Watu wengi wanapomtaja Zitrone wanataja umaarufu. Mimi namtaja kwa maandalizi, na mfano wangu ni farasi. Mtangazaji wa mbio za farasi anapewa orodha ya wanaokimbia. Kila mpanda farasi amevaa rangi za mwenye farasi: fulana ya kijani yenye mikono meupe, kofia nyekundu, na kadhalika. Mbio zikianza una dakika mbili au tatu, farasi wamebanana, namba hazionekani. Huna muda wa kuinamisha macho kwenye karatasi. Ama umeshazihifadhi rangi zote kichwani kabla hawajatoka, ama umepotea na wasikilizaji wenye pesa zao pale wamekujua. Anayeweza kazi hiyo akija kwenye maziko ya kiongozi, ambako lazima amtambue kila mgeni anayeshuka garini, yuko nyumbani.

Kumbukumbu ya Zitrone ilikuwa ya kusifika, na aliitumia pale ambapo wengine walitumia karatasi. Hiyo ndiyo sehemu ya kuigwa. Ile mbwembwe na madoido ya lugha yalikuwa yake, yanamkaa yeye. Kijana anayeyaiga bila kichwa kile anabaki na kelele tupu.

Upande wake mwingine unahitaji kusemwa wazi. Zitrone hakuwa mtu wa kuuliza swali gumu. Alikuwa mtu wa tukio: akupeleke pale, akuonyeshe, akueleze nani ni nani. Tukio lenyewe kwa nini limepangwa hivyo, nani amelipanga, nani hakualikwa, hayo hutayapata kwake.

Georges de Caunes: aliyekataa kukaa

Huyu ni wa Toulouse, amezaliwa mwaka 1919, mmoja wa wale wa mwanzo kabisa. Alikuwa na kipaji cha kusema jambo zito kwa wepesi, kejeli ya taratibu isiyoinua sauti. Wafaransa walimpenda kwa hilo na wakubwa hawakumpenda kwa hilohilo, na katika maisha yake ya kazi alitoka na kurudi kwenye habari zaidi ya mara moja.

Lakini alikuwa msafiri kwanza. Alikwenda Greenland na misafara ya mvumbuzi wa nchi za barafu Paul-Émile Victor. Mwaka 1962 akafanya jambo ambalo hadi leo linasimuliwa: alikwenda kuishi peke yake Eiao, kisiwa kisicho na watu katika visiwa vya Marquesas, Bahari ya Pasifiki, akiwa na mbwa wake Eder na mtambo wa redio wa kupelekea taarifa zake. Alikusudia kukaa mwaka mzima. Baada ya miezi kadhaa afya ilimkatalia, akatolewa.

Kwa mtazamo wa kazi, hapa pana kitu. De Caunes alithibitisha kwamba mtangazaji anaweza kuwa yeye mwenyewe ndiye habari, mwili wake mwenyewe ukiwa mahali pa hatari na sauti yake ikiwafikia watu kutoka huko. Leo vijana wengi wa mitandaoni wanaishi kwa mtindo huo bila kujua ulikotoka. Na pia alionyesha bei yake. Njia hii haina pensheni, haina ngazi ya kupanda, na inategemea mtu mmoja kuwa na hamu isiyokwisha na kifua cha kuvumilia. Simchagui kama mfano wa kwanza kwa yeyote, isipokuwa yule ambaye tayari ameshaona kwamba akikaa ofisini miezi sita anaugua.

Pierre Desgraupes: anayeuliza, kisha anasubiri

Desgraupes alizaliwa Angoulême mwaka 1918, akapitia redio kama wenzake. Yeye hakujengwa na taarifa ya kila usiku. Alijengwa na mazungumzo. Kuanzia mwaka 1953 yeye na Dumayet waliendesha kipindi cha vitabu, Lectures pour tous, kilichodumu hadi mwaka 1968. Mwandishi aliketi mbele yao, kamera ikamkaribia usoni, swali fupi likaulizwa. Kisha kimya. Hawakukimbilia kuziba pengo. Mtu akiachwa na swali lake kwa sekunde nne au tano mbele ya kamera, anasema kitu ambacho hakupanga kukisema. Dumayet hasa alikuwa fundi wa hilo. Alipomhoji Louis-Ferdinand Céline mwaka 1957, mwandishi aliyekuwa na chuki na historia nzito ya wakati wa vita, hakumfokea. Aliuliza, akatulia, akaacha mtazamaji amwone mtu alivyo.

Ukitazama mahojiano mengi ya televisheni zetu utaona swali lenye sehemu tatu na maoni mawili ndani yake, na mgeni anachagua kujibu sehemu iliyo rahisi. Desgraupes na Dumayet ni dawa ya ugonjwa huo.

Halafu likaja jambo kubwa. Ijumaa tarehe 9 Januari 1959, siku moja baada ya de Gaulle kukabidhiwa urais, lilirushwa toleo la kwanza la Cinq colonnes à la une, jarida la habari la kila mwezi. Lilikuwa la watu wanne: Desgraupes, Dumayet, mwelekezi Igor Barrère, na Pierre Lazareff, bosi wa gazeti la France-Soir aliyejua nini kinauza gazeti. Katika toleo lile la kwanza walikwenda Algeria, vita vikiendelea, wakamrekodi sajini mmoja kijana katika maisha yake ya kila siku kambini, na familia yake ikawa studio Paris ikimtazama. Serikali ilikuwa haipendi hata kuviita vita. Kipindi hakikutoa hotuba ya kupinga. Kilimwonyesha tu mzazi akimwangalia mwanawe, na mamia ya maelfu ya nyumba zilizokuwa na kijana kule zikajua wanatazama nini.

Hapo unaona tofauti na Zitrone kwa uwazi kabisa. Zitrone angekwambia gwaride lina vikosi vingapi na kamanda ni nani. Desgraupes alitafuta mtu mmoja ndani ya kikosi na kumuuliza anaishi vipi. Zote ni habari. Lakini ya pili ndiyo ambayo wenye mamlaka walitaka kuiona kabla haijarushwa, na zipo ripoti ambazo hazikupita.

Kila mmoja mbele ya wizara

Hapa ndipo ulinganisho unapokuwa mzito, na hapa ndipo msomaji wa Afrika Mashariki hahitaji kuelezwa sana. Televisheni ya Ufaransa ilikuwa mali ya serikali, mwajiri ni mmoja, na waziri wa habari yuko karibu. Kenya ilipopata televisheni mwaka 1962, Uganda mwaka 1963, na Zanzibar miaka ya 1970, mazingira yalifanana kwa hilo.

Alain Peyrefitte, aliyekuwa waziri wa habari kuanzia mwaka 1962, alisimulia baadaye kwamba siku alipoingia ofisini, mtangulizi wake alimwonyesha vitufe vilivyokuwa mezani, vya kuwaita wakuu wa redio na televisheni ili yakubaliwe yatakayosomwa usiku. Tarehe 20 Aprili 1963 waziri huyohuyo alitokea kwenye kioo, ameketi na Zitrone, akiwaeleza watazamaji taarifa yao ya habari itakavyokuwa kuanzia sasa: picha zaidi, na mambo yaelezwe na waandishi waliobobea. Filamu hiyo ipo, na ningemtaka kila mwanafunzi wa utangazaji aitazame mara mbili. Mara ya kwanza msikilize waziri. Mara ya pili mtazame Zitrone: adabu zake, namna anavyomwachia nafasi, namna anavyomsaidia mgeni wake aonekane vizuri ndani ya nyumba ambayo ilipaswa kuwa ya waandishi.

Simhukumu mtu kwa dakika chache za kioo, na kwa mfumo ule asingekuwa na la kufanya. Lakini ukichagua njia ya mtu wa tukio, mtu wa sherehe za taifa, jua kwamba siku yako ya kuketi hivyo itafika.

Mwaka 1968 uliwafikisha wote kwenye njia panda. Toleo la mwisho la Cinq colonnes lilirushwa tarehe 3 Mei, siku ileile ambayo polisi waliingia Chuo Kikuu cha Sorbonne. Wafanyakazi wa shirika la redio na televisheni la taifa, ambalo sasa liliitwa ORTF, wakagoma wakidai habari zisiandikwe na serikali. Mgomo wa waandishi ulipokwisha katikati ya mwaka, takriban waandishi 100 wa redio na televisheni walifukuzwa au kuhamishwa. Roger Couderc, mtangazaji wa raga ambaye nchi nzima ilimpenda, alikuwa miongoni mwa waliofukuzwa, na alirudi televisheni mwaka 1975 tu. Nalitaja hili kwa ajili ya yule anayejiambia, "Mimi niko michezo, siasa hazinihusu."

Desgraupes alirudi kwa mlango wa mbele. Mwaka 1969 waziri mkuu mpya, Jacques Chaban-Delmas, aliahidi uhuru wa habari, akampa Desgraupes idara ya habari ya chaneli ya kwanza. Kwa karibu miaka mitatu Wafaransa waliona taarifa iliyowapa nafasi wapinzani, mgomo ukaripotiwa kama mgomo. Wabunge wa chama tawala walilalamika kila siku. Rais Pompidou naye alikuwa na msimamo wake unaojulikana: kwamba mwandishi wa ORTF si sawa na mwandishi wa kwingine, kwa kuwa anasema kwa sauti ya Ufaransa. Mwaka 1972 Chaban-Delmas akaondoka madarakani, na Desgraupes akaondolewa.

Angeishia hapo, ningesita kumpendekeza. Hakuishia hapo. Mwaka 1981, akiwa na miaka 62, alirudishwa kuwa rais wa Antenne 2, mojawapo ya mashirika yaliyozaliwa ORTF ilipovunjwa mwanzoni mwa mwaka 1975. Chini yake chaneli ile iliinuka hadi ikawa mshindani halisi wa TF1, chaneli ya kwanza. Aliondoka mwaka 1984 baada ya sheria ya kikomo cha umri wa miaka 65 kwa wakuu wa mashirika ya umma kupitishwa, sheria ambayo Wafaransa wengi waliamini imetungwa kwa ajili yake. Yaani serikali ya kulia ilimwondoa na serikali ya kushoto haikumvumilia. Kwangu mimi hicho ni cheti bora kuliko tuzo yoyote.

Kwa hiyo, wewe uchague nani

Kama unataka kuhoji watu, kuandaa makala za uchunguzi, au siku moja kuongoza chumba cha habari, usipoteze muda: Desgraupes. Utakachojifunza kwake ni swali fupi, subira, kutafuta mtu mmoja anayebeba habari ya wengi, na kufanya kazi na wenzako. Hili la mwisho halisemwi vya kutosha. Zitrone na de Caunes walikuwa nyota wa peke yao; Desgraupes karibu kila kitu kikubwa alikifanya na Dumayet, Barrère au Lazareff pembeni yake. Ukiwa na mwenzako unayemwamini, ni vigumu zaidi kwa bosi kukuvunja moyo, na makosa yako yanaonekana kabla hayajaruka hewani. Uwe tayari tu kwa miaka ya ukame. Yeye alikaa nje ya uongozi wa televisheni miaka tisa.

Kama kipaji chako ni ulimi mwepesi na kumbukumbu, na unachopenda ni matangazo ya moja kwa moja, iwe uwanjani, kwenye gwaride, kwenye mazishi ya kitaifa au usiku wa matokeo ya uchaguzi, basi Zitrone ni mwalimu wako na usimwonee aibu. Wapo wanaodhani kazi hii ni ya chini. Mimi sioni hivyo. Kukaa hewani saa nne bila kukosea jina la mtu, bila kuvuka mpaka wa heshima kwa wafiwa, bila kurudia sentensi ileile mara ishirini, ni ufundi, na kwetu wanaouweza ni wachache sana. Chukua maandalizi yake. Madoido mwachie mwenyewe. Na ujiwekee mapema mpaka wa yale ambayo hutayafanya ukiombwa na mkubwa, kwa sababu utaombwa.

De Caunes ni wa mtu mmoja katika mia. Akiwa ndiye wewe, hukuhitaji nikwambie.

Kwa mwanamke anayesoma hapa, miaka ile ya mwanzo haikumpa nafasi ya haki. Wakati wanaume walipewa habari, Jacqueline Joubert na Arlette Accart waliajiriwa mwaka 1949 kutangaza ratiba: kutabasamu, kusema kipindi gani kinafuata, kuomba radhi mitambo ikiharibika. Joubert alipita humo akawa mwelekezi na baadaye mkuu wa vipindi vya watoto Antenne 2. Éliane Victor, aliyefanya kazi na kundi la Cinq colonnes, akaanzisha mwaka 1964 mfululizo wa makala kuhusu maisha ya wanawake wa kawaida, Les femmes aussi, uliodumu hadi miaka ya 1970. Kwako wewe ningesema uanze na huyo Éliane Victor, kisha urudi kwa Desgraupes, maana ni yeye aliyempa Christine Ockrent kiti cha taarifa ya saa mbili usiku mwaka 1981, wakati kiti hicho cha siku za kazi kilikuwa bado cha wanaume.

Kuhusu wapi pa kuwatazama: kumbukumbu za televisheni ya Ufaransa zinatunzwa na taasisi ya INA, ambayo tangu mwaka 2006 imefungua sehemu ya hazina yake kwa umma kwenye intaneti. Kifaransa kisikutishe. Kwa mara ya kwanza zima sauti kabisa, tazama mikono, macho na muda wa kamera. Anza na filamu ya waziri ya Aprili 1963. Fuata na mahojiano yoyote ya Lectures pour tous, ukihesabu kimya kati ya jibu na swali linalofuata. Malizia na toleo la kwanza la Cinq colonnes, kisha chukua ripoti yako mwenyewe ya wiki iliyopita, ondoa sauti, na uisome upya juu ya picha, hewani, bila karatasi.